Mwisho wa Kaseti ya Mama

Mama yangu aliimba taarab Tanga nzima, kuanzia kumbi za Usagara hadi harusi za wenye majumba Raskazone. Nilipoamua kumtengenezea filamu, nilikuwa na picha, magauni na mashahidi. Sauti yake sikuwa nayo. Aliporudi kutoka umra alitubu, akazichukua kaseti zake zote akazirekodia Kurani juu yake. Nilipogundua nilikasirika, nikamwendea nyumbani kwake Mabawa nimevimba.

"Mama, hata moja hukubakiza?"

"Mwanangu, nikishalala kaburini, kila mkiupiga wimbo wangu mkacheza, mie naandikiwa dhambi. Waniombea dua au waniongezea mzigo?"

Mimi siamini hivyo, na nilimwambia. Akanicheka, akasema ngoja uzeeke. Alikubali kuhojiwa, lakini kuimba alikataa katakata, hata kwa kunong'ona.

Kisha saratani ikamshika kooni. Walimpasua, wakamwachia tundu la kupumulia shingoni, na kuongea kukaisha. Nikawa nashinda naye chumbani, kamera imewashwa pembeni. Niliona aibu kumrekodi akiwa vile, ila sikuacha, naye hakunizuia.

Alasiri moja aliniashiria nimwekee Kurani. Nikachomeka kaseti kwenye redio yake ya zamani, sura ikasomwa hadi ikaisha. Kwa kawaida mimi huizima hapo. Siku ile nilikuwa namkanda miguu, mikono imejaa mafuta, nikaiacha izunguke. Kukawa kimya. Halafu mama akaimba.

Ulikuwa mkia tu wa wimbo, pale ambapo kisomo hakikufika: nusu ubeti, fidla, vigelegele vya wanawake. Sauti nzito, yenye kiburi, inayojua kwamba ukumbi mzima ni wake. Nikarudisha nyuma, nikapiga tena. Mama alikuwa amefumba macho, midomo yake ikifuatisha maneno. Nikasema moyoni, filamu nimeipata.

Akanyoosha mkono akaichukua redio. Akarudisha nyuma mwenyewe, akabonyeza vitufe viwili kwa pamoja, cha kupigia na kile chekundu cha kurekodia, akaikumbatia kifuani. Nililia, nikimwita mama, mama, kama mtoto anayeachishwa ziwa. Hakuiachia mpaka mkanda ulipofika mwisho na vitufe vikaruka. Kisha akainyooshea kidole kamera.

Mjanja mpaka mwisho. Kamera ilikuwa imenasa yote. Nikamsogezea kioo cha kamera aone, nikafuta mbele ya macho yake. Ningefanyaje? Ni mama. Akanivuta kichwa, akanibusu utosini.

Tulimzika wiki ileile. Msiba ulipoanuliwa na jamaa kutawanyika, niliiweka tena ile kaseti. Sura inasomwa, inaisha. Pale ulipokuwa wimbo inasikika pumzi yake ikipita kwenye tundu la shingo, nzito, ikikwaruza, na nyuma yake nipo mimi, nalia, namwita.