Kadi ya Mtoto Aliyebadilishwa Jina

Jumatatu, tarehe 7 Desemba 2009, saa kumi na moja na dakika ishirini alfajiri, nilitoka nyumbani kwetu nje kidogo ya mji wa Kitale nikiwa na kadi ya kliniki ndani ya blauzi. Mama alikuwa ameifunga kwa karatasi ya nailoni mara mbili. Alinisindikiza hadi barabarani akirudia maneno yale yale: "Usiitoe njiani. Usimpe mtu yeyote isipokuwa dada yako."

Kadi ilikuwa ya mtoto wa dada yangu Naliaka. Dada ameolewa Bungoma, lakini mume wake ni fundi wa ujenzi na kazi yake iko kule chini karibu na ziwa, kwa hivyo wanaishi huko. Huko ndiko msichana wao wa miezi tisa alikoandikishwa kwenye utafiti wa chanjo ya malaria. Hiyo chanjo ilikuwa bado inajaribiwa. Kila mtoto alitakiwa kudungwa mara tatu, sindano moja kila mwezi, na wetu alikuwa ameshadungwa mara mbili. Halafu mwezi wa kumi na moja shangazi ya mume wa dada akafariki. Dada akaja na mtoto kwenye matanga Bungoma, akaja kwetu Kitale kwanza kutusalimia, na kadi akaisahau kwenye kabati ya vyombo.

Sasa siku zilikuwa zinaisha. Mtoto asipodungwa kufikia Alhamisi, sindano ya tatu hapewi tena. Dada alipiga simu kwa watu wa utafiti, wakamwambia watatuma mtu Jumanne aje amtafute nyumbani kwa wakwe zake, na kadi iwepo, ndipo gari lije kumchukua kumpeleka kliniki.

Mimi ndiye niliyekuwa nimefunga shule. Nilikuwa kidato cha tatu. Mtu mwingine angefurahia hiyo safari, mimi hapana. Mimi si mtu wa kuongea. Darasani mwalimu akiniuliza swali, jibu ninalo, lakini ninaangalia daftari mpaka anamwuliza mwingine. Na kwa wakwe wa dada, mgeni msichana hata hatakiwi kuongea sana, kwa hivyo nilijiambia, si mbaya, nitafika, nitatoa kadi, nitanyamaza.

Saa kumi na mbili kasoro, kwenye lami, nilipanda pikapu ya Baba Chebet, jirani yetu anayepeleka kabeji na viazi soko la Chwele. Alinikalisha mbele. Kulikuwa na baridi, na mashambani mahindi yalikuwa yameshakatwa na kusimamishwa mafungu mafungu, yakionekana kwenye ukungu kama watu waliojifunika blanketi. Baba Chebet anaongea sana. Alinieleza habari za ng'ombe wake, za breki zake, na za mke wa mtu fulani, na mimi nikasema "mm" na "mm."

"Wewe Nasimiyu," akasema tulipopita Kimilili, "ungekuwa redio ningekurudisha dukani."

Nilicheka, lakini nikageukia dirishani. Mlima Elgon ulikuwa umeanza kuonekana, juu kijivu na chini kijani.

Saa tatu asubuhi tulifika Chwele. Ilikuwa siku ya soko. Pikipiki zilikuwa zinateremka kutoka upande wa Kapsokwony zikiwa na magunia nyuma na kuku wakining'inia kwenye usukani. Vitunguu vilikuwa vimemwagwa chini, vyekundu, hadi barabarani. Baba Chebet alinitafutia bodaboda anayemjua na kumwelekeza mwenyewe ninakokwenda, kwa sababu aliona mimi nitashindwa.

Nyumbani kwa wakwe ni mwendo wa karibu nusu saa kwa miguu kutoka soko, upande wa kwenda Bungoma mjini. Dada alikuja kunipokea akiwa na mtoto mgongoni. Nilimshika mtoto mguu nikamwita jina lake. Dada akaniziba mdomo.

"Shh! Usimwite hivyo hapa. Anaitwa Nakhumicha sasa."

Alinieleza tukiwa jikoni. Baada ya matanga mtoto alipata homa. Walimpeleka zahanati, akapimwa, ikawa ni malaria, akapewa dawa. Hata hivyo alilia siku tatu hanyonyi vizuri. Mama mkwe wake, ambaye kila mtu pale anamwita Kukhu, yaani nyanya, akaanza kumtajia majina ya watu wa ukoo waliokufa, moja baada ya lingine, kama wazee wa huko wanavyofanya mtoto akisumbuka. Alipotaja Nakhumicha, jina la yule shangazi waliyetoka kumzika, mtoto akanyamaza na kunyonya. Basi. Jina la kwanza likafungiwa nje. Kukhu alikataza mtu yeyote kulitaja kwenye boma lake, kwa sababu ukiliita, unaita na ile homa. Hata hapa sitaliandika. Nilimpa Kukhu neno langu.

"Na kwenye kadi?" nikauliza.

"Kwenye kadi ni lile la zamani. Tutamweleza huyo mtu akija. Mimi nitakuwepo."

Jumanne saa nne asubuhi, dada hakuwepo. Alikuwa ameteremka mtoni kufua, mtoto mgongoni, akijua mgeni atafika mchana. Kukhu alikuwa kwenye turubai akipukuchua mahindi na mimi nilikuwa kando yake. Pikipiki ikaingia. Mwanaume wa makamo akavua kofia, akasalimia vizuri, akasema jina lake ni Wanyonyi na anamtafuta mtoto. Kisha akafungua faili na kusoma lile jina kwa sauti.

Mikono ya Kukhu ikasimama.

"Huyo mutoto hayuko hapa," akasema.

"Hayuko leo, ama hakai hapa?"

"Hayuko. Huyo mutoto hatuna."

Bwana Wanyonyi akaniangalia. "Na wewe dada, unamjua?"

Nataka kuandika ukweli. Nilikuwa ninajua kila kitu. Kadi ilikuwa ndani ya nyumba, hatua kumi kutoka pale. Kukhu pia hakuwa anadanganya vile mimi ninavyoelewa kudanganya, kwake yule mtoto wa homa hayuko kweli, ameondoka, aliyebaki ni Nakhumicha. Lakini mimi nilijua anayetafutwa ni nani. Nikaangalia mahindi. Nikatikisa kichwa kidogo, hata sijui kama kilikuwa kinasema hapana au kinasema sijui. Bwana Wanyonyi akaandika kitu kwenye karatasi, akashukuru, akaenda.

Dada alirudi baada ya kama saa moja. Aliona alama za tairi kwenye vumbi.

"Amekuja?"

"Amekuja. Kukhu amemwambia hayuko."

"Na wewe ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa hapo."

Hakunipigia kelele. Ingekuwa heri. Aliketi chini na nguo mbichi mapajani, akasema polepole, "Nasimiyu, simu yangu imeisha chaji tangu jana, siwezi hata kuwapigia. Nimembeba huyu mtoto miezi miwili kwa hiyo sindano, na wewe ulikuwa hapo."

Nilichukua kadi nikakimbia. Sikuaga. Njia ya Chwele ni ya kupanda, na nilikuwa nimevaa kandambili, nikazivua nikazishika mkononi. Nilikuwa ninaomba awe hajaondoka, na pia, kwa aibu nasema, sehemu moja yangu ilikuwa inaomba awe ameondoka ili nisilazimike kuongea.

Saa sita kasoro, kwenye njia panda ya kuingia Chwele, niliona pikipiki imeegeshwa karibu na kibanda cha chai. Bwana Wanyonyi alikuwa ndani anakula chapati, faili chini ya kikombe. Nilisimama mlangoni. Nikasimama tu. Mama mwenye kibanda akaniangalia tangu kichwani hadi kwenye miguu yenye vumbi.

"Wewe msichana, unataka chai ama unataka huyu mwanaume?"

Kibanda kizima kikacheka. Machozi yalikuwa yananitoka. Niliingia nikaweka kadi juu ya meza, kando ya chapati. Akaifungua ile nailoni. Kulikuwa na namba, jina, na picha ndogo ya dada akiwa amempakata mtoto.

"Si wewe ndiye ulikuwa pale?"

"Ni mimi."

"Sasa mbona ukanyamaza, bana?"

Hapo ndipo nilipoeleza, maneno yakitoka hovyo hovyo, mwisho kabla ya mwanzo: Nakhumicha, homa, matanga, mto. Nilidhani atacheka. Hakucheka. Akafuta mkono, akapiga mstari juu ya alichoandika. "Mimi ni wa hapa Kimilili," akasema. "Ningeuliza vizuri. Nimekaa sana na watu wa ziwani mpaka nimesahau kwetu. Panda."

Saa sita na nusu tulirudi. Kukhu alikuwa bado kwenye turubai, dada amepiga magoti mbele yake, mtoto amelala. Kukhu hakumsalimia mgeni mara ya pili.

"Nani ameenda kuita huyu mutu?"

Dada akafungua mdomo kujitwika kosa. Nikamtangulia. "Ni mimi, Kukhu. Nisamehe."

"Kumbe uko na sauti," akasema. "Umeiweka wapi tangu jana?"

Bwana Wanyonyi akachuchumaa, akachukua hindi naye akaanza kupukuchua. Alimaliza hindi la kwanza. Kisha akasema, "Kukhu, mimi nilibadilishwa jina mara tatu. Nilikuwa ninalia kama mbuzi. Sijakuja kurudisha jina la mtoto. Kwetu sisi mtoto ni namba."

"Namba?"

"Namba tu. Angalia."

"Na kule sipitali wakiita? Si wataita kwa sauti, watu wote wasikie?"

"Nitawaambia waite namba."

"Nyinyi vijana munasema tu. Harafu nesi anasahau."

Akaendelea kupukuchua. Halafu akauliza jambo ambalo nilikuwa ninaliogopa. "Hiyo sindano inazuia hii homa kabisa? Mbona alishikwa na ameshadungwa mbili?"

"Kukhu, hatujui inazuia kiasi gani. Ndiyo maana tunaijaribu. Na watoto wengine wanapata hii ya malaria, wengine wanapata chanjo ya ugonjwa mwingine, ndipo tulinganishe. Wako amepata gani, mimi sijui. Nesi hajui. Hata daktari hajui, mpaka mwisho. Kwenye neti asitoke, iwe ni hii ama ile."

Nilimwona dada akifumba macho. Nilidhani imeisha. Nani atatoa mtoto kwa mtu anayesema sijui mara zote hizo?

Kukhu aliweka gunzi chini. "Nilizika wajukuu wawili mwaka mumoja," akasema. "Wa kijana wangu mukubwa, kabla ya hawa wengine kuzaliwa. Homa hii hii. Kulikuwa na mutu hapo sokoni alisema anajua. Alijua kila kitu, huyo! Alinipa mizizi, aliwachanja chale, na mimi nikangoja." Akamtazama Bwana Wanyonyi. "Wewe wa kusema hujui, gari lako linakuja lini?"

"Kesho asubuhi."

"Nitaenda nayo. Nitambeba mwenyewe. Na wakiita lile jina nitasimama nirudi naye kwa miguu."

"Kwa miguu kutoka ziwani, Kukhu?"

"Kwani wewe unaona hii ni miguu ya mapambo?"

Dada akacheka, kisha akalia, kisha akaenda kusonga ugali. Kukhu hakuniambia neno jioni yote. Nilikula nikiwa nimeinama. Nilikuwa nimevunja heshima kwenye boma la watu na nilijua, na bado kama ningerudishwa pale kwenye turubai, ningetaka kukimbia mapema zaidi.

Jumatano saa moja asubuhi gari likafika. Kukhu alikuwa amevaa viatu vya kanisani, Nakhumicha kifuani, na dada nyuma yake na mfuko wa nguo. Nilipewa nafasi hadi Bungoma mjini. Tukiwa kwenye gari Kukhu alinipa mtoto nimshike ili afunge kitambaa chake vizuri, na hata alipomaliza hakumchukua tena mpaka niliposhuka stendi.  Mimi nilielewa hivyo ndivyo alivyonisamehe, au pengine mikono ilikuwa imechoka.

Mchana huo nilirudi Kitale kwa barabara ya Webuye. Njiani niliwaza kuhusu wale watoto wengine wenye namba, ambao siwajui, na nyanya zao. Zamani nilifikiri chanjo inatoka kwenye chumba cheupe chenye chupa, ikiwa tayari. Sikujua kwamba kwanza kuna mtu lazima apande pikipiki amtafute mtoto mmoja, na kwamba mtu mmoja akinyamaza kando ya turubai, mtoto huyo anapotea kwenye hesabu bila hata kuwa amepotea. Kuhusu ile haya yangu ya kuongea, bado ninayo. Haikuisha Chwele.

Alhamisi, asubuhi iliyofuata, saa moja kasorobo, nilichukua simu ya mama nikapiga namba ya dada, mwenyewe, bila kutumwa. Aliyepokea ni Kukhu.

"Amedungwa?" nikauliza, nikasahau hata kuamkia.

"Amedungwa jana. Mukono umevimba kidogo. Analia, lakini ananyonya." Akaongeza, "Nesi aliita namba. Nilikuwa nimesimama tayari."

"Asante, Kukhu."

"Sasa wewe wa shule. Hiyo iliyoingia jana, ni ile yenyewe ama ni ile ingine?"

"Sijui, Kukhu. Hakuna anayejua."

"Haya," akasema. "Tungoje wote."

Nilimpelekea mama simu kitandani aongee naye, nikachukua ndoo, nikaenda kukamua ng'ombe.