Sentimita Nne na Nusu

Kwa mwaka mzima na miezi miwili, Nesi aliamini kwamba hajui kuendesha gari. Aliambiwa hivyo na fundi wake, akaambiwa na mumewe mezani, na mwishowe akawa anajiambia mwenyewe kila chuma kilipokwaruza tuta: krrr, chini ya nyayo zake, kama kijiko kinachokwangua sufuria iliyoungulia.

Alikuwa na miaka arobaini na sita, mfupi, mwenye mwendo wa haraka. Kazi yake ilikuwa kuwafuata wagonjwa majumbani: waliopooza, wasioinuka kitandani, wenye vidonda vya kulala sana. Anasafisha kidonda, anabadilisha mpira wa mkojo, anamfundisha mkwe au binti namna ya kumgeuza mgonjwa bila kumtonesha, anaaga, anakwenda nyumba ya pili. Nyumba saba au nane kwa siku, nyingi ziko mitaa ambayo lami iliishia njiani. Kwa ajili hiyo alinunua gari dogo la milango mitano, lililotumika, fupi nyuma kana kwamba buti lilisahauliwa kiwandani. Halikunywa mafuta sana, na lilipenya kila kichochoro. Aliyeliuza alikuwa mpaka rangi wa mageti, na chini ya gari zima alikuwa amepuliza rangi ya kijani iliyombakia ili kuzuia kutu. Watoto pacha wa Nesi walipoligundua hilo walicheka hadi wakakaa chini. Lakini gari halikumsumbua mwaka wa kwanza hata siku moja.

Kisha klachi ikaisha, akalipeleka kwa Bingwa.

Bingwa alikuwa fundi mwenye jina. Gereji yake ilikuwa na kochi la wateja na kaunta ambapo mkewe aliandika risiti, na yeye mwenyewe alivaa ovaroli safi isiyojua grisi. Kila mwanamke alimwita "mama yangu" na kila mwanaume "bosi". Gari lilikaa kwake siku tatu. Lilirudi klachi ikiwa laini kabisa, Nesi akamsifu Bingwa kwa majirani. Wiki ileile likaanza kugusa chini.

"Mama yangu," Bingwa alimwambia aliporudi kulalamika, "hii gari ni ndogo. Iko chini tangu izaliwe. Wewe unaipeleka kwenye matuta kama trekta."

"Mbona mwaka jana haikugusa?"

"Mwaka jana ulikuwa unaiogopa. Sasa umeizoea, unaikimbiza." Akawageukia waliokaa kwenye kochi. "Jamani, si ndiyo? Akina mama wakishazoea gari!"

Watu wakacheka. Nesi naye akacheka. Kicheko kile ndicho kilichokuja kumuuma baadaye kuliko yote.

Bingwa alimwekea vipande vya raba katikati ya mizunguko ya springi za mbele. Gari likainuka kidogo, likakaa hivyo wiki mbili, raba zikapondeka. Akaweka nyingine, na hizo nazo zikapondeka. Nesi akajifunza kuvuka matuta kimshazari, gurudumu moja kwanza, pumzi ameibana. Pacha wakaanza kumwomba awashushe kabla ya tuta la shule, kwa sababu wenzao walikuwa wakilisubiri gari lao likwaruze ili washangilie.

"Fundi anajua kazi yake, mama pacha," mumewe alisema. Alikuwa karani wa bohari, mtu mpole asiyependa ugomvi na mtu yeyote aliyeshika spana. "Wewe punguza mwendo tu."

Akapunguza. Akapunguza tena, hadi baiskeli zikawa zinampita.

Miongoni mwa wagonjwa wake alikuwamo mzee mmoja, mshonaji wa suti zamani, aliyepooza kuanzia kiunoni. Aliishi na binti yake, mwoka mikate, aliyeacha zamu za alfajiri ili amtunze. Asubuhi moja, saa tatu, binti alipiga simu. Mpira wa mkojo ulikuwa umeziba, tumbo la baba yake limejaa kama ngoma, na mzee anapiga kelele. Nesi alikuwa umbali wa dakika kumi na mbili.

"Nakuja. Mwambie nakuja sasa hivi."

Alipofika kwenye mtaro unaokatiza barabara ya vumbi, alisimama kabisa. Akaingiza gurudumu la kushoto, polepole, kisha la kulia. Ndipo aliposikia, si mkwaruzo tena, bali mpasuko. Sampo, lile bakuli la oili lililo chini ya injini, lilikuwa limepasuka. Oili ikamwagika mtaroni, taa nyekundu ikawaka, akazima injini kabla haijaungua. Barabara ile haikuwa na pikipiki wala teksi. Alivuta begi lake la kazi, akatembea. Alitembea, akakimbia, akatembea tena, jua likimpiga utosini na viatu vikimvuka.

Alifika saa tano na dakika kumi. Mzee alikuwa ameng'ata foronya hadi ikatoboka. Nesi alibadilisha mpira kwa mikono iliyotulia, kwa sababu mikono yake ilikuwa imezoea, na mkojo uliposhuka mzee alilia. Hakulia kwa maumivu. Alilia kwa sababu majirani wawili walikuwa mlangoni na walimsikia tangu saa tatu.

Binti alimsindikiza nje.

"Tulikupigia saa tatu, Nesi. Saa tatu."

"Gari liliharibika, mwanangu. Nimetembea."

"Kila siku gari. Kama huwezi kuendesha, si useme?" Sauti yake ilikuwa chini, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. "Usirudi. Tutaomba mtu mwingine."

Jioni ile Nesi alisimulia nyumbani. Mumewe alisikitika kweli, akatikisa kichwa, kisha akasema, "Ule mtaro nilikwambia uupite taratibu."

Nesi aliweka kijiko chini. "Nilisimama, baba pacha. Nilisimama kabisa. Unataka nipite vipi, nilibebe mgongoni?"

Kwa mara ya kwanza katika muda wote huo, hasira yake ilibadilisha njia. Ilikuwa ikimwendea yeye mwenyewe. Sasa ilisita, ikageuka, ikaanza kutafuta pa kwenda.

Asubuhi, gari likiwa limekwisha kuvutwa kwa kamba hadi uani kwao, alitoa kile kitabu cha gari ambacho hakuna mtu aliyewahi kukifungua. Kilisema kwamba kutoka chini hadi sehemu ya gari iliyo karibu zaidi na ardhi, kama halina mzigo, ni sentimita kumi na tano. Alifagia sakafu ya saruji, akaondoa begi, galoni za maji na kila kitu. Akajaza upepo kwenye matairi, akalala chali na tepu ya kupimia. Kumi na nusu. Akapima tena. Kumi na nusu.

Zilikosekana sentimita nne na nusu.

Akapima kwa namna nyingine: kutoka katikati ya gurudumu hadi ukingo wa bodi juu yake, ili upepo wa tairi usije ukasingiziwa. Magurudumu ya nyuma yalikuwa kama kitabu kilivyosema. Ya mbele, yote mawili, yalikuwa yamemezwa na bodi.

"Njoo uone," alimwita mumewe. "Nyuma sawa, mbele imezama. Hebu nieleze, mimi nimeiendeshaje vibaya mbele tu, nyuma nikaendesha vizuri?"

Mumewe alichuchumaa, akatazama tepu, akatazama kitabu. 

Gari likavutwa tena, hadi kibandani kwa Dada wa Matairi. Huyu alikuwa mwanamke mnene asiyependa maneno mengi, aliyeziba pancha na kufunga shokomzoba kando ya barabara kuu, na ambaye wateja wa Bingwa walimpita bila kumtazama. Alilipandisha gari kwa jeki, akaweka stendi mbili, akang'oa gurudumu, akaingiza kichwa.

"Dada," alisema, "nani aliikata hii springi?"

"Kuikata?"

"Njoo." Alimwonyesha kwa bisibisi. Springi nzima, alieleza, mwisho wake umepindwa vizuri kukalia kitako chake. Hii mwisho wake ulikuwa butu, una alama za gurudumu la kukatia chuma. Mzunguko mmoja na zaidi ulikuwa umeondolewa. "Vijana wanafanya hivi ili pua ya gari iiname, ionekane ya mashindano. Wewe ulitaka mashindano?"

"Mimi nabeba bandeji."

"Basi umefungiwa za mtu." Akainua tochi. "Na angalia. Chini kote kijani. Mkono wa gurudumu kijani, fremu kijani. Springi nyeusi."

Nesi aliangalia. Damu ilimpanda taratibu, ikafika masikioni. Kubadilisha klachi, Dada alieleza, lazima ekseli zitoke, na fundi akishafika hapo springi za mbele ziko karibu naye kama chumvi mezani. Na Nesi hakuhitaji kuambiwa zaidi, kwa kuwa kila alipokwenda kwa Bingwa aliliona karibu na geti gari jeupe la mkewe. Aina ileile, na mwaka uleule. Bingwa alilinunua kwa kijana fulani, na siku Nesi alipopeleka klachi lilikuwa limeinamisha pua. Siku hizi lilisimama sawa.

Dada aliunga sampo. Kesho yake walikwenda nalo kwa Bingwa, saa nne asubuhi, kochi likiwa limejaa.

"Mama yangu!" Bingwa alifungua mikono. "Imegusa tena?"

Nesi alikuwa amevaa sare yake nyeupe ya kazi. Alikwenda moja kwa moja kwenye gari jeupe, akapiga magoti kwenye changarawe, akaingiza tepu.

"Kumi na tano," alisema kwa sauti ya kusikika. Akalala ubavu, akamulika tochi nyuma ya gurudumu. "Na springi za kijani."

"Toka chini ya gari ya watu!"

"Gari hii chini ni nyeusi yote, Bingwa. Springi zake zimepata wapi rangi ya geti?"

Bingwa alicheka, lakini kicheko hakikupata wa kukipokea. Alisema springi za kijani zinauzwa kila duka. Alisema wanawake wawili hawawezi kumfundisha kazi aliyoifanya miaka ishirini. Nesi aliinuka, magoti yamejaa vumbi, akamkaribia hadi Bingwa akarudi hatua.

"Mwaka mzima umenicheka. Hapa, mbele ya kochi hili. Nami nikacheka na wewe, mjinga mimi! Kuna mzee ameng'ata mto masaa mawili kwa sababu ya sentimita ulizonivua. Unajua mkojo ukiziba unaumaje? Unajua?" Sauti yake ilipasuka. "Umeniambia sijui kuendesha. Nikaamini. Nimewaomba radhi wagonjwa wangu kwa kosa lako!"

Mkewe Bingwa alikuwa ametoka nyuma ya kaunta, kalamu mkononi.

"Uliniambia umeninunulia," alimwambia mumewe. "Siku ya kumbukumbu ya ndoa yetu. Ukasema umeniagizia springi mpya."

"Mke wangu, ingia ndani."

"Siingii." Alimpa Dada wa Matairi ufunguo wa gari lake. "Zitoe."

Dada alizitoa palepale, kwa vifaa vya Bingwa mwenyewe, na Nesi hakuruhusu fundi mwingine aguse hata nati moja. Wateja walisimama kuzunguka. Mmoja aliuliza kama tepu ile inaweza kupita na chini ya gari lake. Mwingine alichukua ufunguo wake bila kuaga. Springi za kijani zilirudi kwao, pua ikainuka, na Nesi alipotaka ziongezwe raba ili gari lipande zaidi, Dada alikataa katakata.

"Hapo ndipo lilipoumbwa. Ukilipandisha zaidi, ekseli zitakaa upande na zitajila zenyewe. Nenda ukanyooshewe magurudumu, basi."

Nesi alipeleka malalamiko polisi, akaandika maelezo kurasa mbili. Jirani mmoja alimwendea kumsihi ayaache, maana Bingwa ana familia. "Hata mimi ninayo," alimjibu, akafunga mlango. Gereji haikufungwa. Kochi tu lilipata nafasi.

Mumewe aliomba radhi siku ya tatu, akiosha vyombo, mgongo umemgeukia. Nesi alimwambia ageuke aseme tena. Akageuka, akasema tena, maji yakimchuruzika viwikoni. Ilisaidia kidogo. Haikusaidia sana. Kwa wiki kadhaa alipovuka tuta bila kusikia chochote, badala ya kufurahi alifura upya, akihesabu matuta yote aliyoyavuka akijitukana.

Mwezi ulipoisha, binti wa mshonaji alipiga simu. Muuguzi mwingine alikuwa mzuri, alisema, lakini baba alikuwa akimuulizia Nesi.

Alifika kwa dakika kumi na moja. Mzee alimpa mkono. Kidonda cha mgongoni kilikuwa kimeanza kufunguka, na ilibidi ageuzwe, kazi ya watu wawili. Nesi alimweleza binti yote yaliyotokea, kwa ufupi, huku akikunja mikono ya sare.

Binti alisikiliza hadi mwisho. "Bado nina hasira na wewe," alisema.

"Ni haki yako. Mimi mwenyewe zangu hazijaisha."

Binti alipita upande wa pili wa kitanda, akashika shuka.

"Nikihesabu tatu," Nesi alisema. "Bega kwanza, halafu nyonga. Moja."