Boma la Bwanausi pale Mbegani

Zamani hizo, mtu akitaja filamu mjini Bagamoyo, jina lililomjia kwanza lilikuwa la Bwanausi Mwinyijuma. Hakuwa mwigizaji. Yeye alijenga kila kinachoonekana nyuma ya waigizaji: nyumba, vichochoro, maduka, hata mahakama. Mwanzoni mwa miaka ya sitini alikuwa akichora mabango ya sinema Dar es Salaam. Baadaye kampuni moja ya filamu ikamchukua kama seremala, na haukupita muda mrefu akawa msanifu wao. Kwa magunia, udongo na chokaa alikutengenezea ukuta wa mawe ambao hata mwashi aliugonga kwanza ndipo akaamini kuwa ni gunia.

Mwaka 1971 kampuni hiyo ilikuja Mbegani, karibu na Bagamoyo, kupiga filamu ya misafara ya watumwa. Bwanausi akajenga boma karibu na mikoko, la boriti na fito, lenye paa la makuti, na ndani yake safu ya nguzo za kufungia watu. Minyororo aliichonga kwa mti laini akaipaka masizi na mafuta. Ukiivuta kidogo, inakatika.

Miongoni mwa waliojitokeza kuigiza watumwa alikuwa shemeji yake, Majaliwa, mkulima wa Fukayosi aliyemwoa dada yake, Mwanvita. Mama yao Bwanausi na Mwanvita, Bi Biubwa, alichukia.

"Babu yake aliletwa mji huu na mnyororo shingoni," alimwambia Bwanausi, "na aliyemnunua ni babu yangu mimi. Leo unamvika tena?"

"Mama, ni mti ule."

Lakini mwongozaji, Bwana Sadallah, hakuutaka mti.

"Unalia kama vijiti," alisema. "Nataka chuma. Nataka na kufuli."

"Na siku ya kuchoma boma, bwana?"

"Moto tunauwasha upande wa pili. Upepo si umeupima mwenyewe?"

Kweli aliupima. Bwanausi akaenda kwa mhunzi.

Alasiri ya kuchoma boma, moto uliwashwa pale walipopatana. Kamera ikaanza kupiga. Mara upepo ukageuka, makuti yakashika, na moto ukarukia juu ya vichwa vya waliofungwa. Walipiga kelele. Watu waliokuwa nje wakadhani ndiyo kuigiza kwenyewe. Mmoja wao akapiga makofi.

Bwanausi alikuwa na funguo mfukoni. Akaingia. Alimkimbilia Majaliwa kwanza, naye Majaliwa akamsukuma.

"Anza na wazee! Mimi nitavumilia."

Akafungua mmoja baada ya mwingine, nao wakatoka wakikohoa na kukanyagana. Aliporudi kwa shemeji yake, kufuli lilikuwa la moto na ufunguo haukuzunguka. Aliushikilia hadi ngozi ya vidole ikaganda pale. Boriti ikaanguka. Wanaume wawili wakamburuta nje akiwa bado anaita jina la Majaliwa.

Kwenye msiba wa Majaliwa alifika mikono imefungwa vitambaa, akasimama ukumbini. Mwanvita akatoka chumbani.

"Kaka, kufuli lile ulilinunua au ulilitengenezesha?"

"Nililitengenezesha."

"Ukamwambia mhunzi alifanye imara?"

Mwanvita akarudi ndani, na kwa muda mrefu hakumsemesha.

Kampuni ikamalizia filamu kwingine. Mara mbili walimtumia Bwanausi ujumbe aende Dar; hakwenda. Vidole vya mkono wa kuume vilishikana, hata penseli haikukaa. Akahamia Fukayosi, akawa analima shamba la marehemu kwa mkono wa kushoto. Mihogo akimaliza kung'oa aliiweka mlangoni kwa dada yake. Mwanvita aliichukua, akawapikia wanawe.

Mwaka 1973 filamu ile ilionyeshwa Bagamoyo, kwenye uwanja wa mpira. Watu walilisifu sana boma, wakasema lilikuwa kama la kweli. Bwanausi hakwenda kuitazama. Mwanvita alikwenda.

Kesho yake Mwanvita akaja shambani, akasimama mwisho wa tuta.

"Wamemkata Majaliwa kwenye filamu," alisema. "Moto umo. Yeye hayumo."

Bwanausi aliegemeza jembe, akakaa chini mchangani na kulia. Dada yake hakumbembeleza, wala hakuondoka. Alilichukua lile jembe, akaendelea na tuta pale lilipokuwa limeishia.