Nilitafsiri "mwenzangu" kuwa "colleague", nusura nimponze mtu hapa Joburg

Wakuu, salaam kwenu, mlioko nyumbani na sisi tuliotawanyika.

Mimi humu huwa ni msomaji tu. Napita kimya kimya, nacheka na vichekesho, naondoka. Leo nimeamua kuandika. Majina nimebadilisha na ofisi siitaji, ila yaliyobaki ni kweli tupu. Anayeona ni chai, akachemshe ya kwake.

Ni mtu wa Kigoma, naishi Bellevue, chumba kimoja kwenye nyumba kubwa ya zamani iliyokatwakatwa kwa mbao. Naishi na mwanamke wangu, Zawadi, Mkongo wa Uvira, fundi cherehani. Mchana nalinda geti la stoo ya spea huko Jeppestown. Kazi ya geti ni kukaa, kwa hiyo nasoma.

Na nilichokuwa nasoma ndicho kimeleta uzi huu.

Nilikuwa nasoma mambo ya watu wanaoitwa bisexual. Mtu anaweza kumpenda mwanamke, akampenda na mwanaume, na kote asiwe anaigiza. Nilianza kwa kuchungulia tu. Baadaye ikawa kila shifti nasoma, halafu nafuta historia ya simu kabla sijarudi kwa Zawadi.

Kwa nini nasoma? Msinikimbize, nafika.

Kuna kilio kimoja kilijirudia kwa karibu kila aliyeandika. Ukiwa umeoa, watu wanasema yule mwingine ulikuwa utoto. Ukiwa na yule mwingine, wanasema ndoa ilikuwa ya kujificha. Kila mtu anataka akuchagulie uongo wako ni upi. Mimi nilikuwa nasonya, nasema hawa wana muda mwingi wa kulalamika.

Nilitafuta pia neno lake kwa Kiswahili. Na mimi ndiye yule mtu kero anayesahihisha Kiswahili cha Wakongo mtaa mzima, hadi Zawadi ananiita mwalimu asiye na shule. Sikulipata. Nilichopata ni matusi, na mnayajua, humu yanaandikwa kila siku.

Basi, jirani yetu mmoja, mama wa Kirundi, akanijia. Ana mdogo wake wa kanisani, tumwite Espérance, ana intavyuu ya ukimbizi. Ameambiwa mkalimani wa Kiswahili hayupo, aje na wake. Mimi huwa nawatafsiria watu kliniki, nikaona ni yale yale. Nikaomba ruhusa kazini.

Njiani nikamuuliza Espérance kesi yake inahusu nini. Akasema, "Kaka, nitasema kule ndani." Basi, nikamwacha.

Sasa hebu mkione kile chumba cha intavyuu. Chumba gani, kibanda cha mbao ambazo hazifiki dari. Nje yake benchi limejaa Wakongo, Warundi na Wabongo wenzetu. Mtu alikuwa anasimulia habari za Uvira nikawa namsikia kila neno. Maana yake na sisi tulikuwa tunasikika.

Afisa alikuwa mama wa makamo, kusema kweli hakuwa mtu mbaya. Akaniapisha, kisha akanipa sheria. Akisema "mimi", na wewe sema "mimi". Usiongeze, usipunguze, usiniambie "anasema kwamba". Nikajibu "sharp", ndiyo sawa ya huku, kama mzoefu.

Swali la kwanza la maana: kwa nini uliondoka Bujumbura?

Espérance akaangalia mikono yake. "Walitukuta, miye na mwenzangu. Walivunja mulango."

Wakuu, mwenzangu. Neno hilo linabeba watu wengi. Anaweza kuwa wa kazini, wa safari moja, mume, mke, mpenzi. Lakini sauti yake ilishuka alipolitaja, na saa ile ile nikajua ni yupi. Nilijua kabisa.

Mdomo wangu ukatoa "colleague".

Espérance akageuka akaniangalia. Nikajifanya natazama meza.

Afisa akaandika. Akauliza mlikuwa mnafanya kazi gani pamoja.

"Miye nilikuwa nauza mboga, yeye anasuka nywele."

"Sehemu moja?"

"Hapana."

Afisa akakunja uso. Mlango ulipovunjwa mlikuwa wapi?

"Kwenye kitanda."

Nikasema chumbani. Kitanda kinakaa chumbani, sikudanganya, lakini mnaelewa nilichofanya.

Nani alivunja? Shemeji zake, ndugu wa marehemu mumewe. Walimpiga yule mwenzake vibaya, Espérance akatorokea dirishani, na wakaapa akirudi watammaliza. Haya niliyatafsiri yote bila kupunguza.

Afisa akaweka kalamu chini. "Mama, stori yako haishikani. Shemeji zako wakuue kwa sababu ya mtu wa kazini ambaye hata kazini hamko pamoja? Nikifunga sasa hivi nitaandika sikukuamini, na njia inayobaki ni kurudi Burundi."

Ikabidi nimtafsirie Espérance maneno hayo. Hayo niliyatafsiri vizuri sana, neno kwa neno. Nilijichukia.

Hakulia. Alisema tu, taratibu, "Kaka, mwambie muzuri."

Hapo nilikuwa na njia mbili. Nikinyamaza, natoka kibandani mwanaume safi, narudi getini kwangu, na huyu dada anarudishwa kwa watu wanaomsubiri. Nikisema, benchi lote la nje litasikia, na Bellevue habari hazilali njiani.



Nikasema, "Naomba kusahihisha. Kosa ni langu, sio lake. Mwenzangu hapa sio colleague. Ni mpenzi wake, mwanamke. Na alisema kitandani."

Afisa akaokota kalamu, akakata alichoandika. "Umeapa mbele yangu. Kwa nini ulibadilisha?"

"Niliogopa kulisema."

"Uliogopa nini? Haya si maisha yako."

Nikatazama tena meza.

Afisa akasema nikirudia ananitoa. Halafu akaniambia nipaze sauti, yeye si mtu wa kunong'onezwa. Akamgeukia Espérance na swali ambalo nilishalisoma mara nyingi pale getini.

"Ulikuwa na mume. Sasa unaniambia mpenzi wako ni mwanamke. Kati ya hizo mbili, ipi ni ya uongo?"

Nikamtafsiria. Espérance safari hii aliinua kichwa.

"Hakuna ya uongo. Nilikuwa namupenda bwana yangu, nilimulilia kweli. Na huyu nilimupenda. Wote wawili."

Na sheria ilikuwa ni kusema "mimi".

Nikasema kwa Kiingereza, kwa sauti kama nilivyoamriwa: hakuna ya uongo. Nilimpenda mume wangu, nilimlilia. Nilimpenda na mwanamke. Wote wawili.

Dume zima lenye ndevu linatangaza nilimpenda mume wangu. Nje stori za Uvira zikakatika. Mtu akacheka kidogo.

Wakuu, sasa nafika. Kabla ya Zawadi, kule Kigoma, kulikuwa na mtu. Fundi redio, mwanaume, mwenye subira kuliko mtu yeyote niliyewahi kumjua. Nilimpenda. Na Zawadi nampenda, msije mkanichagulia uongo wangu. Sikuwahi kulitamka hilo kwa lugha yoyote, na siku hiyo nililitamka nimekaa kwenye kiti cha plastiki, kwa "mimi" ya mtu mwingine. Nikaomba maji.

Afisa akauliza kama Kiswahili kina neno la mtu wa namna hiyo. Nikamwambia yaliyopo mengi ni ya kutukana. Akaandika la Kiingereza, akaniambia nimweleze Espérance alichoandika.

Nikamweleza. Yote niliyosoma kwa kujificha yakatoka kwa Kiswahili cha kawaida tu: kwamba wapo watu hivyo, wengi, wa kila nchi, na wengi wao wameulizwa swali hilo hilo.

Akasema, "Kumbe hatuko peke yetu."

Maswali yakaendelea hadi mchana. Sikupunguza tena hata nukta.

Tulipotoka, benchi lilitutazama tukipita. Mmoja alisema kitu. Nilikisikia, sikiandiki hapa. Tukaenda hadi kwenye robot, ndivyo huku wanavyoita taa za barabarani, ikawa nyekundu, tukasimama.

Espérance akasema, "Kaka, Kingereza yangu ni kidogo. Lakini colleague ni collègue. Nilisoma Kifaransa miye."

Nilitamani lami inimeze. Alinisikia tangu neno la kwanza!

Nikamuuliza mbona hakunichongea pale pale.

"Nilikuona unaogopa. Nikasema, mtu asiyejua hawezi kuogopa vile. Huyu anajua. Wangeleta mwingine, angenicheka." Kisha akaniuliza, "Pale mwisho, ulikuwa unasema yangu ao yako?"

"Zote mbili," nikamwambia. Robot ikawaka kijani, tukavuka.

Zawadi nilimwambia mwenyewe, wiki hiyo hiyo, kabla habari hazijamfikia kwa mdomo wa mtu. Aliyosema ni yake, siyaleti humu. Bado tunaishi pamoja, na cherehani inalia nikiandika haya. Kuna watu mtaani hawanisalimii tena, na kuna mmoja ameanza kunisalimia sana. Nashangaa ila napokea.

Majibu ya Espérance yalichelewa hadi nikaanza kuota ndoto mbaya. Kila simu ikiita nilijua ni yeye, wamemkataa kwa ajili ya neno langu lile la kwanza.

Juzi nikiwa getini akanitumia ujumbe. Ulikuwa na maneno mawili:

"Mwenzangu, wamenikubali."

Nilikaa chini, nikalia kama mtoto, dereva wa lori anapiga honi nimfungulie.

Nilichojifunza ni hiki. Ukipewa sauti ya mtu uibebe, usiikate ili ikutoshee wewe. Mimi nilitaka kujificha nyuma ya neno moja, na aliyekuwa anaelekea kulipa ni mwingine kabisa. Na ukiwasoma watu wanalalamika, usisonye haraka, huenda wanaongelea meza utakayoketishwa wewe kesho.

Karibuni kwa maoni. Mwenye matusi ayaweke, nimeshayasoma yote, hakuna jipya. Ila kwanza wajuzi wa Kiswahili mnisaidie jambo moja: hiyo "mwenzangu" aliyoniandikia Espérance, nyie mngeitafsirije?