Kitabu Kilichopakwa Samli

Juma lililopita nilikuwa nimeketi ofisini kwa mwalimu wa shule moja ya kijiji cha ujamaa, upande wa Ikungi, akaingia mama mmoja mtu mzima. Mwalimu akasimama kumwamkia. Mama akaitikia marahaba, akafungua kanga, akamkabidhi kwa mikono miwili kitabu alichoazima binti yake kwenye maktaba. Maktaba yenyewe ni kabati lenye kufuli.

Mwalimu alipokipokea, vidole vikateleza. "Mama, kimemwagikiwa mafuta?"

"Hapana, nimekipaka samli. Jalada lilianza kupasuka, na sisi ngozi ikikauka huipaka samli. Kitu cha watu hakirudishwi kibovu."

"Samli inaharibu karatasi! Binti yako hataazima tena."

Mama akatazama mikono yake. "Sawa, mwalimu. Ila siku saba ulizotupa za kukaa nacho zimeisha hatujamaliza. Binti hunisomea nikipepeta mtama. Yule mtu wa kitabuni tumemwacha anachimba kisima, shimo limemfika kiunoni. Niambie tu, alipata maji?"

Mwalimu akageukia kabati. Vitabu vilikuwa vimejipanga, safi, havina hata alama ya kidole. Akakuna kichwa, kisha akaliandika upya jina la binti kwenye daftari la kuazimia, akamrudishia mama kitabu.

"Sijui, mama. Mimi mwenyewe sijakisoma. Mkimaliza, mtanieleza."

Nimetembelea shule nyingi mkoani Singida nikionyeshwa kwa fahari vitabu visivyo na doa. Sasa nitakuwa nauliza kwanza kama kuna hata kimoja chenye samli.