Kanda ya Bagamoyo

Harufu ya petroli ya jenereta bado hunirudisha Kibaoni, alasiri ile mchumba wa shangazi Felista alipotuletea deki, televisheni na kanda moja ya video.

Kwetu binti hakuozwa kabla ndugu hawajakwenda kuona kwao mume. Hawakufuata utajiri, waliangalia jiko, choo, na jinsi mama mkwe anavyopokea wageni. Deogratias, mwashi mpole aliyekuja kwetu Ifakara kutafuta kazi, alisema Bagamoyo ni mbali, msijisumbue, mji wake atauleta mwenyewe.

Tukajazana sebuleni. Sauti nzito ya msimulizi ilisifu milango ya nakshi, kuta za mawe zilizoota miti, ngome, makaburi ya kale. Mimi, ambaye sikuwahi kuona ghorofa, nilikuwa nimeshahamia. Shangazi alificha tabasamu kwa ncha ya kanga. Bibi, mzaliwa wa Mahenge, aliendelea kupepeta mchele, jicho moja kwenye kioo.

"Mbona hakuna moshi?"

"Moshi gani, mama?" Deo aliuliza.

"Wa kupikia. Mji mzima hawali?"

Tulicheka. Yeye hakucheka. "Na kwenu ni wapi humo, baba?"

"Nyuma ya ile ngome, mama."

"Rudisha tuone."

Akarudisha. Picha ilifika kwenye pembe ya ngome, ikageukia baharini. Akarudisha tena, ikageuka palepale. Jasho lilimtiririka Deo kana kwamba kamera ilikuwa yake.

"Huyu anatuonyesha kila nyumba isipokuwa yake," bibi alisema. "Felista haendi."

Shangazi alisusa chakula. Wiki iliyofuata baba mdogo alipanda basi kwenda Bagamoyo. Aliporudi, hata viatu hakuvua, tulimzunguka.

"Nyumba ipo. Ya udongo, paa la makuti, vyumba viwili. Mama yake amenipa kitanda, yeye kalala chini."

"Kumbe kijana ana kwao!" bibi aling'aka. "Sasa makaburi ametuletea ya nini?"

Akaruhusu harusi.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba alasiri ile sisi ndio tuliomshuku Deo. Nilichelewa kuelewa kwamba yeye alikuwa ametushuku kabla. Nyumba yetu ya matofali ya kuchoma aliipiga lipu yeye mwenyewe, chumba baada ya chumba, na kila jioni alinawa mikono akiamini watu wa kuta zile wasingempa binti yao.