Maji ya Wageni

Sera za afya shuleni nimezipitia nyingi, kwanza nikiwa mwanafunzi, sasa nikiwa mwalimu, na kila mpya ikija huniletea kichefuchefu chake.

Nilipokuwa shule ya msingi karibu na Pap Onditi, afya ilikuwa ukaguzi wa Jumatatu. Tulipanga mstari tukanyoosha mikono, zikatazamwa kucha, kisha meno, kisha kola. Wasichana wakubwa walipelekwa nyuma ya darasa, na mwalimu wa kike akainua sketi zao kwa fimbo kuona kama wamevaa chupi safi. Aliyekosa alitajwa mbele ya shule nzima. Hakuna aliyeuliza kama kwao kulikuwa na sabuni. Nikiikumbuka ile fimbo mpaka leo mwili hunisisimka.

Fimbo ikapigwa marufuku, nikashukuru. Zikaja nyimbo za ukimwi, watoto wadogo wakiimba mambo ambayo sisi walimu tuliona haya kuyaeleza. Zikaja dawa za minyoo. Sasa mtaala mpya unataka mtoto ajifunze usafi kwa kutenda, asikariri. Maneno matamu hayo. Shuleni kwetu, mtaa wa mabanda wa Nyalenda, atatenda kwa maji gani? Tunanunua ya mitungi pale kioski, na pipa la kunawia, lenye mfereji wake na picha ya mikono yenye povu, linakaa stoo. Hutolewa wageni wakija.

Muhula uliopita walikuja, kwa magari yao kutoka ofisi za Milimani, mtaa wa wakubwa, kutazama tunavyotekeleza sera. Pipa lilijazwa, likawekwa kando ya bendera, na watoto wakaonywa wasiliguse. Kwaya ilikuwa ikiimba juu ya usafi nilipogundua kwamba msichana mmoja wa darasa langu, gredi ya sita, hayupo. Nilimkuta chooni. Hedhi ilikuwa imemjia kwa mara ya kwanza, damu imeshuka hadi kwenye soksi. Sakafu ilikuwa imetapakaa mikojo, nzi wanamzunguka, naye amejibana kwenye kona akishikilia sketi isiguse ukuta.

"Mwalimu, usiite mtu," alisema. "Nipe maji tu. Wakiniona hivi, mimi shule sirudi tena."

Nilimwamini, kwa sababu dada yake aliacha shule kwa aibu kama hiyo. Sodo nilikuwa nayo mkobani. Nilichukua ndoo, nikaenda moja kwa moja kwenye pipa. Mwalimu mkuu alinidaka mkono.

"Madam, hiyo maji usiguse. Wageni hawajanawa."

"Kuna msichana ameharibikiwa huko choo."

"Si angojee kidogo? Wakimaliza utachukua yote."

Aliyasema hayo huku akiwachekea wageni. Nilitamani kumtemea mate. Nilifungua mfereji mbele ya macho yake, nikaijaza ndoo, nikaondoka nayo. Wageni wakadhani ni sehemu ya maonyesho.

"Eh! Sasa hii ndiyo praktikali!" mmoja akapaza sauti, na wote wakapiga makofi. Mama mmoja mwenye miwani mikubwa alinifuata hadi chooni, simu juu, akipiga video.

Nilimpitishia msichana ndoo na sodo, nikafunga mlango na kuuegemea kwa mgongo.

"Mwalimu, nisaidie nipite kidogo tu. Nataka kuonyesha ofisi vile watoto wanatumia maji," akasema yule mama.

"Mama, rudi."

Alinyoosha simu juu ya bega langu, kwenye upenyo wa mlango. Niliifunika kwa kiganja, mpaka akasonya na kurudi kwa wenzake. Nyuma yangu maji yalimwagika kidogo kidogo, mtoto akijiosha kwa hofu ya kusikika. Kule uwanjani makofi yakalipuka tena.

"Mwalimu," aliita kwa sauti ya chini, "wanampigia nani makofi?"

"Wanajipigia wenyewe."

Alijimwagia maji tena, kisha akasema, "Basi wakienda uniambie, nitoke."

Nilichungulia uwanjani. Walikuwa wanaketi, na hotuba zilikuwa bado hazijaanza.